Nyumba Iliyopiga Kura Usingizini

Nilifundisha somo la uraia kwa miaka sita kabla ya kuja Dubai kulinda mlango. Nalisema hili mapema ili nisije nikaonewa huruma nisiyostahili. Nguzo za demokrasia nilizijua kwa mpangilio wake, ningeweza kuzitaja hata nikiwa na homa, na huko Morogoro wapo vijana walioandika neno "uwajibikaji" kwa mara ya kwanza wakiliiga kutoka ubaoni kwangu. Kwa hiyo yaliyotokea kwenye nyumba yetu ya Al Muraqqabat, ghorofa ya tatu, vyumba viwili na jiko, siwezi kusema yalinikuta sijui. Yalinikuta nimelala, na kulala nako nilikuchagua.

Nilikuwa nafanya zamu za usiku, na anayelala mchana haishi dunia moja na wenzake. Basi la kampuni lilikuwa linanishusha barabarani jua likiwa limeshaanza kuuma. Napanda ngazi, navua viatu, najitupa kitanda cha chini na kuvuta pazia langu la maua. Kuanzia hapo kila kitu kilinijia kikiwa kimeloa usingizi. Kiyoyozi kikiunguruma, maji yakimwagika bafuni, mtu akicheka jikoni, mwingine akipita na taulo begani, na mimi sina hakika yupi wa nyumbani na yupi wa ndotoni. Siku moja niliamka nikamshukuru mtu kwa chai ambayo hakunipa. Wenzangu walinicheka wiki nzima, nami nikacheka nao.

Tulikuwa wanawake wanane: Watanzania wawili, Wakenya watano na Mganda mmoja. Hakuna aliyekuja huku kwa ajili ya siasa. Lakini waweke wanawake wanane kwenye nyumba yenye bafu moja, wote waamke wanataka kuoga, halafu uone kama siasa haitapiga hodi. Kabla sijahamia walishazoea utaratibu wao, na nilipoukuta niliupenda hadi nikacheka peke yangu. Kila miezi mitatu mmoja wetu alikuwa mwenyekiti, kwa kufuata nani alitangulia kuhamia. Mwenyekiti ndiye aliyepanga zamu za bafu na jiko, na ndiye aliyezungumza na arbab, yaani yule bwana aliyetupangisha. Jambo kubwa liliamuliwa jikoni kwa kunyoosha mikono, na nimewahi kuona kura ikipigwa kwa mkono ulioshika kitunguu.

Shida ilikuwa zamu za kazi. Wawili walikuwa walinzi kama mimi, ila wa mchana, na simu zao walizikabidhi kwa msimamizi mpaka watoke. Wengine walikuwa hotelini na mikahawani, wanaingia huyu akitoka yule. Kumpata kila mtu jikoni kwa wakati mmoja kulichukua hata wiki tatu, na kuna suala la harufu ya dagaa lililongoja mpaka mwenye dagaa akazimaliza. Nilichoka. Mimi nina kasoro ya walimu, sipendi jambo likae wazi ubaoni. Nikatoa wazo: mambo yapelekwe kwenye grupu letu la simu, na mtu apewe muda wa saa tatu. Akisema hapana, hata akiwa mmoja, jambo linarudi jikoni lizungumzwe. Asiyejibu amekubali.

Walinipigia makofi. Mmoja alisema ndiyo faida ya kukaa na mtu aliyesoma. Niliiandika kanuni hiyo kwa mkono wangu, ya saba kwenye karatasi iliyobandikwa mlangoni mwa friji, na nikapigia mstari neno "amekubali" kwa rula. Ninavyoujua ujinga wangu, huo wa rula ndio unaoniuma zaidi.

Mwenyekiti wa wakati huo alikuwa dada wa Nakuru, msimamizi wa wafagiaji kwenye hoteli moja ya Al Rigga. Mwanamke mkubwa wa mwili na wa kicheko, akiingia nyumbani unasikia nyumba imepata mtu. Mpaka leo siwezi kumwita mbaya. Mwezi wa nane, kiyoyozi cha chumba chetu kilikufa, na asiyejua joto la mwezi wa nane huku asijaribu kulifikiria. Tulilala sakafuni juu ya mashuka tuliyoyalowesha. Yeye alienda ofisini kwa arbab akakaa kwenye kiti, akamwambia haondoki. Aliambiwa inshallah, akasema sawa, nami nitaingoja hiyo inshallah hapa hapa. Kufika alasiri fundi alikuwa amekuja na kiyoyozi kipya, na upepo wa kwanza ulipotoka tulimkumbatia kama ndugu aliyetoka hospitali. Siku ile angetuomba chochote tungempa.

Aliomba kidogo tu. Miezi yake mitatu ilipokwisha, alituma ujumbe kwamba arbab ameshamzoea, joto bado halijaisha, na kumbadilisha msemaji katikati ya joto ni kujitafutia taabu. Basi abaki mpaka hali ya hewa ipoe. Ujumbe ulikuja asubuhi. Niliusoma kwa jicho moja, nikaona una mantiki, nikalala. Walinzi wa mchana walikuwa wameshakabidhi simu. Mchana akaandika kwamba tumekubali wote, asanteni, Mungu awabariki.

Zamu iliyofuata ilikuwa ya yule dada wa Uganda, mtu wa Jinja, aliyelala kitanda cha juu yangu. Alikuwa mhudumu wa mkahawa, mwembamba, msemaji wa pole pole, Kiswahili chake akikitembeza kwa uangalifu kama mtu anayebeba sufuria la moto. Alizoea kulala mkono umening'inia nje ya kitanda, na mimi nikifungua pazia asubuhi ule mkono ndio kitu cha kwanza nilichokiona. Aliniwekea chakula kwenye bakuli lenye kifuniko bila kuombwa. Kabla ya kuja kwetu alikuwa amehama nyumba tatu ndani ya mwaka mmoja, na aliwahi kuniambia alichokitaka katika mji huu wote ni pahali pa kutundika nguo zake bila kuwaza begi liko wapi. Kwetu alitundika. Begi lake aliliweka tupu juu ya kabati, na kuna siku nilimkuta amelitazama akitabasamu.

Yeye ndiye pekee aliyeuliza. Aliuliza jikoni, kwa adabu, kama hali ya hewa ikipoa zamu itakuwa yake. Mwenyekiti alicheka, akamshika bega, akamwambia asiwe na haraka ya madaraka. Wote tukacheka. Neno lile, madaraka, lilimkaa vibaya. Alionekana kama mtu aliyekutwa akichukua kitu kisicho chake. Nami nilikuwepo nakunywa chai, nikafikiri nitamwambia mwenyekiti faraghani, siku nikiwa sina usingizi.

Baada ya hapo mambo yalikwenda kwa ulaini ambao hata sasa nikiukumbuka naona usingizi. Grupu lilikuwa limejaa salamu za asubuhi, picha za maua na sala za kusambaza, simu ikitetema chini ya mto wangu mchana kutwa. Mwenyekiti akalifunga, ikawa yeye tu ndiye anayeweza kuandika, na mwenye jibu amwandikie yeye pembeni. Nitasema ukweli: nilifurahi. Nilipata kimya nilichokuwa nakililia. Haikunijia akilini kwamba kuanzia siku ile hakuna aliyeweza kujua mwenzake amejibu nini, na kwamba jibu letu sote sasa lilikuwa linatoka katika kinywa kimoja.

Kisha karatasi ya kwenye friji ikabadilishwa. Nilikwenda kunywa maji, macho mazito, nikakuta kanuni zimechapwa kwa kompyuta, herufi nzuri, zimefungwa ndani ya plastiki. Nilisimama nikazisoma. Ile ya zamu ya miezi mitatu haikuwemo. Ile ya neno hapana kurudisha jambo jikoni haikuwemo pia. Ya asiyejibu ilikuwemo, sasa ni ya kwanza. Nakumbuka baridi ya mlango wa friji kwenye kiganja changu, na nakumbuka nilichowaza: kwamba kazi imefanywa kwa usafi. Nikafunga friji nikarudi kitandani. Nilijiambia labda nimeota, na kwa mtu wa hali yangu hicho kilikuwa kisingizio kizuri.

Cha kuchekesha, kama kuna cha kuchekesha, ni kwamba siku za mapumziko tulikaa jikoni humo humo tukitazama habari za nchi zetu kwenye simu. Kiongozi fulani wa mbali ameongezewa muda na wabunge wake, na sisi tunatikisa vichwa. Niliwaeleza wenzangu kama niko darasani. Niliwaambia huwa haanzi na vifaru. Anaanza na jambo ambalo kila mtu analiona la maana. Anaondoa kero. Kisha anatafuta mtu wa kuogopwa. Mwenyekiti alikuwa anakaanga viazi, akasema ni kweli kabisa, mwalimu, hawa viongozi wetu ni wabaya. Wala hakuwa ananikejeli. Aliamini, na mimi niliyesema niliamini, na nyuma yetu plastiki ilimeta mlangoni mwa friji.

Mtu wa kuogopwa kwetu alipatikana kirahisi. Dada wa Jinja alimkaribisha binamu yake alasiri moja, akaoga, akala, akaondoka. Siku mbili baadaye ikasikika kwamba arbab amelalamika kuna wageni wanaingia. Wiki iliyofuata ikawa ni wageni wengi, na kwamba kuna ukaguzi unakuja, na sote tutatolewa nje na mabegi yetu kwa sababu ya mmoja. Hakuna aliyemsikia arbab kwa masikio yake, kwa sababu aliyeongea na arbab alikuwa mmoja tu. Hofu ilivyo haikuhitaji ushahidi. Watu walianza kuondoka jikoni dada wa Jinja akiingia, tena kwa upole, kila mtu amekumbuka nguo za kuanua. Mimi niliendelea kula kwenye bakuli lake.

Ilikuwa Jumanne. Nilikuwa nimelala kiasi cha nusu saa simu ilipotetema. Ujumbe ulikuwa mrefu. Ulizungumzia usalama wa nyumba, nidhamu, na umoja wetu kama dada, na mwishoni ulisema yule mwenzetu atafutiwe pahali pengine, kuanzia leo, kwa amani. Nilisoma mpaka mwisho. Hapa ndipo ningependa kusema kwamba sikusoma, lakini nilisoma. Nilijua ningeweza kuandika hapana; neno lina herufi sita. Pia nilijua nikiliandika, nitaitwa jikoni, nitaulizwa, yule mama wa kicheko atanitazama vingine, na huenda mwezi ujao ujumbe mrefu ukawa wangu. Kiyoyozi kilikuwa kinaunguruma vizuri. Nikajiambia nitajibu nikiamka, na nikauacha usingizi unichukue kama mtu anayeegemea ukuta.

Niliamka alasiri. Hakukuwa na mkono ulioning'inia. Godoro la juu lilikuwa tupu, pazia limetolewa pamoja na vipete vyake, na juu ya kabati palikuwa na mraba mmoja usio na vumbi pale begi lilipokuwa. Bakuli langu lilikuwa jikoni, limefunikwa. Wali na maharage. Niliketi nikalia, na nilikuwa na njaa, nikala huku nalia.

Siku mbili nilimfuata mwenzangu mmoja mmoja na swali lile lile: wewe ulijibu nini? Walinzi wa mchana waliona ujumbe jioni, mambo yameshapita. Mmoja alikuwa jikoni mkahawani kwake, mikono ina unga. Mmoja alisema alidhani mimi nitajibu, maana mimi ndiye mwalimu. Wa mwisho alikiri kwamba aliogopa. Nilihesabu mara tatu. Hakuna hata mmoja aliyesema ndiyo. Nyumba nzima ilikuwa imemfukuza mtu bila mtu kumfukuza.

Nilimwendea mwenyekiti akiwa anapiga pasi sare yake. Nilitaka kumkaripia, nina hasira za karibu, lakini yeye hata hakuinua sauti. Aliniambia hakufanya lolote la siri. Alituma ujumbe, akangoja muda wote, hakuna aliyepinga. Kisha akanitazama kwa mshangao wa kweli, kama mtu aliyedhulumiwa.

"Mwalimu, hii rule si ni yako?" akasema. "Mimi nimefollow tu."

Nilichoweza ni kurudi kwenye njia ya zamani. Ijumaa, nikiwa nimekosa usingizi wangu kwa hiari kwa mara ya kwanza tangu nifike mji huu, niliwangoja jikoni mmoja mmoja mpaka tukafika sita, yeye mwenyewe akiwa kazini. Niliwaomba wanyooshe mikono wanaotaka dada wa Jinja arudi. Palikuwa na kimya kirefu, nami nilikichukia kile kimya kwa moyo wote. Ukanyooka mkono mmoja, kisha mwingine, kisha yote sita pamoja na wangu. Mmoja wa walinzi alisema khalas, imetosha, nenda kamlete nyumbani. Nililia tena, siku zile nilikuwa nalia hovyo.

Nikapanda metro mpaka mwisho wa reli, Rashidiya. Alikuwa amehifadhiwa na familia moja ya Kizanzibari iliyoishi pale miaka mingi, watu aliowafahamu kupitia mteja wa mkahawani. Wamempa godoro kwenye chumba cha kuwekea vitu, mpaka mwisho wa wiki. Mama mwenye nyumba alinifungulia, akaniambia, "Karibu mwanangu, pita ndani, mwenzio yupo," akaniletea maji kabla sijakaa. Dada wa Jinja alitoka akiwa amevaa sare ya kazi. Nyuma yake niliona begi lake sakafuni, limefungwa, nguo zote ndani.

Nilimweleza kila kitu kwa haraka, nikiwa na furaha ya mtu anayeleta habari njema. Nilimwambia hakuna aliyemkataa, nimeuliza wote, hakuna hata kura moja dhidi yake. Nikamwambia mikono sita imenyooka, kitanda chake kipo, twende leo. Hakuwa na hasira, na ningetamani angekuwa nayo.

"Mimi nilikuita," akasema.

Nikamuuliza lini.

"Siku ile. Ilibaki dakika ishirini hivi za kura. Nilishuka nikafungua pazia yako, nikasema mwalimu, mwalimu, andika hapana tu, yangu haihesabiwi, yako moja inatosha. Nilikuita mara tatu."

Nilimwambia sikusikia, nilikuwa usingizini, anajua ninavyolala.

"Ulifungua macho ukanitazama," akasema. "Ukaniambia, kaa chini, tumeshamaliza."

Akaniomba radhi kwamba zamu yake inaanza na treni haimngojei, akaniambia hatarudi, akachukua mkoba wake. Mimi nilibaki kwenye kochi la watu na glasi ya maji mkononi, na hapo ndipo ile ndoto ilinirudia yote. Nilikuwa darasani kwangu Morogoro. Madirisha yalikuwa wazi, jua limelala juu ya madawati, vumbi la chaki linaelea, na mimi nafundisha habari ya kura. Nyuma kabisa mtoto mmoja alikuwa amesimama, mkono juu, ananiita mwalimu, mwalimu, na somo lilikuwa limebaki kidogo tu liishe. Nilimwambia akae chini. Akakaa, darasa zima likatulia, na nakumbuka nilifurahi.